Bibi aliyeziba lenzi, na mpiga picha wa Tehran

Mwaka wangu wa pili wa kushuti harusi za akina mama hapa Tanga, bibi mmoja aliniziba lenzi kwa kiganja. Ulikuwa usiku wa singo, bi harusi anaposuguliwa manukato mwilini. Bi harusi ameketi mkekani, somo wake, yaani kungwi wake, amefika na bakuli, chumba kizima kinanukia udi na mawaridi, na mimi nimepiga goti pembeni, kamera begani, nikijua nimepata nafasi nzuri kuliko zote za usiku ule. Bibi akainuka kwenye kiti chake, akaja taratibu, akaweka mkono.

"Mwanangu, hapa zima. Haya si ya kutazamwa."

Sikuwahi kuzima upesi. Kwa sekunde kama nne kamera iliendelea kurekodi kiganja chenye hina iliyochujuka, kisha giza.

Niliudhika sana. Nilirudi nyumbani nikamwambia mume wangu nimenyimwa shoti ya maana kuliko zote, na kwamba wazee hawaijui kazi yetu. Ndivyo nilivyoamini siku zile: mwenye kamera kazi yake ni kuona ambacho wengine hawakioni. Aliyenitoa katika imani hiyo ni mzee asiyejua kama nipo duniani, mpiga picha wa filamu wa Iran anayeitwa Mahmoud Kalari.

Nilimfahamu kupitia flashi. Kijana aliyeniuzia kamera yangu ya pili alinijazia filamu humo, nyingi za kupigana, na katikati yake ikawemo moja ya Kiajemi yenye maandishi ya Kiingereza chini: "Jodaeiye Nader az Simin", yaani Nader Kutengana na Simin, iliyoongozwa na Asghar Farhadi. Ni filamu ya mwaka 2011, ikachukua Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Berlin, na mwaka uliofuata ikachukua tuzo ya Oscar. Sikuyajua hayo nilipobonyeza. Niliona tu mume na mke wameketi ubavu kwa ubavu, wanatazama moja kwa moja kwenye lenzi, wanajieleza. Mke anataka waondoke nchini na binti yao. Mume hawezi kumwacha baba yake mzee ambaye maradhi yamemfuta kumbukumbu. Sauti ya hakimu inawajibu, lakini hakimu mwenyewe haonekani, kwa sababu kiti chake kimekaliwa na kamera. Dakika tano za kwanza na mimi tayari ni hakimu, naombwa niamue, na kila anayesema namwona ana haki.

Watu wengi walioisifu filamu ile walisifu hadithi, na hadithi inastahili. Mimi niliirudia mara tatu nikitazama kamera imesimama wapi.

Kuna mahali mama mmoja, Razieh, aliyeajiriwa kumwangalia yule mzee, anakuta mzee amejikojolea. Ni mama mcha Mungu, amevaa chador nyeusi, kitambaa cha kujifunika kama baibui, amekuja kazini na binti yake mdogo. Anashika simu, anapiga kwa watu wa kuulizia mambo ya dini: je, nikimbadilisha nguo mwanamume huyu nitakuwa nimetenda dhambi? Tunabaki na uso wake akisubiri jibu, na sauti ya mtoto akimhakikishia kwamba hatamwambia baba. Mzee tunamwacha na sitara yake. Baadaye Nader anamsukuma Razieh nje ya mlango wa nyumba, mlango unafungwa, na jinsi alivyoanguka huko ngazini hatukuonyeshwa. Filamu yote iliyobaki ni watu wakigombana juu ya kitu ambacho hata mtazamaji hakukiona. Nilijiuliza: ingekuwa ni mimi, si ningeshamtanguliza kijana na kamera ya pili ngazini?

Pengine niseme kidogo kazi yenyewe ni ipi, maana kwetu "mpiga picha" ni mtu wa kubonyeza kitufe. Kwenye filamu, mwongozaji ndiye mwenye hadithi na waigizaji. Mpiga picha mkuu ndiye anayejibu maswali ya macho: kamera ikae juu au chini, karibu au mlangoni, itembee au itulie, mwanga utoke dirisha gani, kivuli kiangukie wapi. Mkifanya kazi vizuri wawili hao, mtazamaji hajui nani aliamua nini. Ndiyo maana majina ya watu hawa hayajulikani, na ndiyo maana naandika.

Kalari alizaliwa Tehran mwaka 1951. Alisomea picha Marekani, kisha akafanya kazi ya picha za habari na wakala wa Sygma wa Paris, miaka ileile ambayo nchi yake iliwaka moto wa mapinduzi. Mtu wa picha za habari anajifunza jambo moja kwa miguu yake: ukichelewa hatua tatu, tukio limekwisha, na ukisogea hatua tatu kupita kiasi, wewe mwenyewe umegeuka tukio. Naamini miguu ile ndiyo aliyoingia nayo kwenye filamu.

Na aliingia wakati mgumu. Mwezi wa Agosti 1978, kule Abadan, jumba la sinema la Rex lilichomwa moto watu wakiwa ndani, wakafa mamia. Majumba mengine mengi ya sinema yaliteketezwa miezi ile, kwa kuwa sinema ilihesabiwa kuwa uchafu wa watawala. Baada ya mapinduzi ya 1979 wengi walidhani sanaa hiyo imezikwa. Haikuzikwa. Mwaka 1983 serikali iliunda taasisi ya Farabi kusimamia filamu, vifaa na mikanda ikawa mikononi mwake, kila mswada ukasomwa kwanza. Katika hali hiyo, katikati ya miaka ya 1980, nchi ikiwa vitani na Iraq, Kalari akapiga filamu yake ya kwanza, "Jadehaye Sard", Barabara za Baridi, ya Massoud Jafari Jozani: mtoto anayekata theluji kwenda kumtafutia baba yake dawa.

Sasa, kuna sheria moja ya filamu za Iran ambayo mwanamke wa pwani ataielewa kabla hajaelezwa. Mwigizaji wa kike hufunika nywele kwenye skrini hata akiwa chumbani kwake, na hata na mtu anayeigiza kuwa mumewe, kwa sababu mtazamaji si maharimu wake. Mwanamume na mwanamke wasio ndugu wala wanandoa hawagusani. Watu hubishana sana juu ya sheria hiyo, na wanawake wa Iran wameilipia kwa damu, kwa hiyo siichukulii kijuujuu. Nazungumzia kinachomfika mtu mwenye kamera. Akitaka kuonyesha mke na mume wanapendana, mkono juu ya bega hauruhusiwi. Kinachobaki ni macho, ni kikombe cha chai kinavyosukumwa mezani, ni nani amesimama upande gani wa mlango.

Halafu kuna taabu ya kitambaa cheusi chenyewe. Hii naijua kama ninavyoijua mikono yangu. Ukiiachia kamera ijipimie mwanga yenyewe, inaona weusi mwingi wa mabuibui, inadhani chumba ni kiza, inaongeza mwanga, na uso wa mtu unageuka karatasi tupu. Video zangu za mwanzo ni mabuibui yanayotembea na karatasi juu yake. Lazima upime mwanga kwenye ngozi ya uso, uuache weusi uwe weusi, na utafute taa laini ya ubavuni ili mkunjo wa mtandio uonekane kidogo tu. Nilipomtazama Leila Hatami katika filamu ya "Leila" ya Dariush Mehrjui, iliyopigwa na Kalari katikati ya miaka ya 1990, nilisimamisha picha kila mara kutazama mashavu yake. Uso umezungukwa na kitambaa na bado una uhai wote. Ni hadithi ya mke asiyepata mtoto, ambaye mama mkwe anamwandama mpaka akubali mumewe aoe mke wa pili, naye anaandaa chumba cha mwenzie kwa mikono yake. Mimi nimeshuti harusi za wake wa pili. Nimeona mke mkubwa akikaribisha wageni huku amejipamba kuliko siku zote. Sikuwahi kujua namna ya kumpiga picha mtu wa aina hiyo bila kumdhalilisha, na nilijifunza kwa kutazama Kalari anavyomngoja Leila: kamera haimkimbilii akilia, inakaa palepale mpaka yeye mwenyewe ageuke.

Leila Hatami ni binti wa mwongozaji Ali Hatami. Kalari alikuwa tayari amempigia baba mtu filamu ya "Madar", Mama, ambamo watoto wakubwa wanarudi nyumbani kwa ajili ya siku za mwisho za mama yao. Hatami akafariki mwaka 1996. Miaka kumi na mitano baadaye, kamera ya Kalari ilikuwa imekaa kwenye kiti cha hakimu, na binti ya rafiki wa kazi, sasa mama mzima, ndiye Simin anayejieleza mbele yake. Mpiga picha akidumu, uso mmoja unakua mbele ya lenzi yake. Mimi pia nina mabinti niliowarekodi wakiwa watoto wa kushika maua, na sasa nawarekodi wakiwa mabibi harusi, na kila mara mkono unanitetemeka.

Lakini filamu iliyonirudisha kwenye kiganja cha bibi ni "Upepo Utatuchukua" ya Abbas Kiarostami, ya mwaka 1999, iliyopata tuzo kubwa ya majaji kule Venice. Imepigwa kijiji cha Siah Darreh, upande wa Wakurdi, nyumba zimepandana mlimani, paa la huyu ndilo uwanja wa yule. Mtu mmoja anayeitwa Behzad anafika kutoka Tehran na wenzake, wanakijiji wanamwita mhandisi, kumbe amekuja kungojea bibi kizee wa kijiji afe, ili arekodi desturi za maombolezo ya kule. Anangojea, na bibi hafi.

Hesabu watu msiowaona katika filamu ile. Wenzake Behzad ni sauti tu. Bibi mgonjwa haonekani hata mara moja, tunaona dirisha lake. Kuna kijana anayechimba shimo mlimani makaburini, tunasikia sauti ikitoka ardhini, kichwa hakitokezi. Simu ya Behzad ikilia anakimbilia gari, anapanda mpaka mlima ule wa makaburi kutafuta mtandao, tena na tena, gari likiwa kidoa kwenye njia za vumbi. Kisha zinakuja ngano za dhahabu, daktari amempakia mhandisi kwenye pikipiki, na kamera, iliyokuwa imetunyima kila kitu, inatupa bonde zima.

Halafu kuna tukio la maziwa. Behzad anataka maziwa, anaelekezwa nyumba fulani, anashuka chini kwenye zizi lililo kama pango. Skrini inakuwa nyeusi kabisa. Unasikia nyayo. Polepole inatokea taa ya mkono, na binti amechutama anakamua ng'ombe. Tunaona vidole vyake, ndoo, upindo wa gauni. Behzad anamsomea shairi la Forugh Farrokhzad, mshairi wa Tehran aliyekufa kwa ajali ya gari mwaka 1967 akiwa na miaka 32, shairi ambalo ndilo jina la filamu. Kisha anamwomba ainue taa amwone uso. Binti hainui. Anaendelea kukamua. Na Kalari, mwenye lenzi, mwenye uwezo wote wa kuusogelea uso ule, anabaki palepale akiwa amenyimwa pamoja na Behzad.

Nilisimamisha kompyuta nikaenda kunywa maji. Nilimwona yule bibi akija taratibu na kiganja chake.

Mwishoni bibi wa Siah Darreh anafariki alfajiri. Wanawake wanapita wakielekea msibani, na Behzad, akiwa kwenye gari lake, anawapiga picha harakaharaka kama mwizi, kisha anaondoka. Kalari, aliyewahi kuishi kwa picha za habari, anamtazama mwenye kamera akiiba. Sijui alisikia nini moyoni kuipiga shoti ile. Mimi ilinichoma.

Tangu hapo nikawa naona jambo lilelile kila nilikomfuata. Mwaka 1996 alipiga na Mohsen Makhmalbaf filamu ambayo kwa Kiajemi inaitwa "Nun va Goldun", Mkate na Chungu cha Maua. Makhmalbaf akiwa na miaka 17, mwaka 1974, alimchoma kisu polisi wa mfalme, akafungwa. Zaidi ya miaka ishirini baadaye yeye na polisi yuleyule wanawatafuta vijana wa kuigiza ujana wao na kulirudia tukio. Kijana wa Makhmalbaf anaficha kisu chini ya mkate, kijana wa polisi ameshika ua, na binti wa chador amesimama katikati. Wakati wa kuchomana ukifika, kinachonyooshwa ni mkate na chungu cha maua, na picha inaganda. Filamu imekwisha kwa picha mnato, mkate, ua na uso wa binti. Nilipokumbuka Kalari ametokea kwenye picha mnato nikaona hakuna mwingine aliyestahili kuipiga.

"Ofsaidi" ya Jafar Panahi ndiyo niliyowaonyesha wasichana ninaowafundisha kamera, kwa kuwa mpira hauhitaji tafsiri. Wanawake wa Iran walikuwa wamezuiwa kuingia uwanjani kwenye mechi za wanaume. Tarehe 8 Juni 2005 Iran ilicheza na Bahrain katika uwanja wa Azadi, neno lenye maana ya uhuru, ikashinda 1-0 na kufuzu Kombe la Dunia, na sehemu ya filamu ilipigwa siku ileile, uwanjani, mechi ikichezwa. Wasichana waliojivika kiume wamekamatwa, wamewekwa kizuizini juu kabisa ya jukwaa, nyuma ya ukuta, na askari mmoja anachungulia na kuwatangazia mpira. Kalari, aliyeipiga pamoja na Rami Agami, anakaa na wasichana. Goli linafungwa, uwanja unalipuka, na sisi hatuoni hata nyasi. Mwanafunzi wangu mmoja alipiga kelele, "Jamani geuza kamera!" Nikamwambia, nao wanataka hivyohivyo. Akanyamaza. Oktoba 2019 wanawake waliruhusiwa kuingia Azadi kutazama Iran ikiifunga Cambodia 14-0, na siku hiyo wasichana wangu walinitumia picha za jukwaa lile, wakaandika tu: Mwalimu, wameona.

Nisije nikamfanya kuwa mtu wa kunyima tu. "Gabbeh", tena na Makhmalbaf, kati ya wafugaji wa Kiqashqai, ni karamu: mwalimu ananyoosha mkono nje ya picha kuelekea shamba la maua, mkono unarudi na maua mekundu, anaunyoosha angani unarudi wa buluu. Na mwaka 2013, umri umepita sitini, alimpigia kijana Shahram Mokri filamu ya dakika 134 yenye shoti moja, haikatwi popote, "Mahi va Gorbeh", Samaki na Paka. Kila aliyewahi kubeba kamera nusu saa kwenye harusi anajua dakika 134 ni nini begani na kiunoni, na bado hapo hujahesabu waigizaji wanaotakiwa kufika kila mmoja mahali pake kwa wakati.

Karibu na wakati huohuo alikwenda Paris, mji wa wakala wake wa zamani, kupiga "Yaliyopita" ya Farhadi. Kule hapakuwa na sheria ya nywele. Bérénice Bejo anacheza kichwa wazi, na alipata tuzo ya mwigizaji bora wa kike Cannes. Mwenziwe ni Ali Mosaffa, yuleyule aliyeigiza mume katika "Leila". Filamu inaanza uwanja wa ndege: mke amemwona mume anayekuja kumaliza talaka, na kati yao kuna kioo kikubwa. Wanasema, midomo inacheza, hawasikiani, na sisi hatusikii. Hakuna aliyemlazimisha kuweka kioo pale.

Neno letu la dirisha lilitoka Uajemi, kama lilivyotoka neno bandari. Nalifikiria kila ninapoingia nyumba ya harusi na kutafuta mwanga uingie wapi.

Siku hizi nikifika kwenye shughuli natafuta kwanza mama mkubwa wa nyumba. Namuuliza wapi nisimame, na wapi nizime. Wengine hushangaa, maana vijana wa kamera hawaulizi. Mara nyingi nakaa kizingitini, narekodi migongo, viatu vilivyovuliwa, mikono inayopokezana bakuli, vigelegele vinavyotoka nyuma ya pazia. Kuna wateja waliolalamika kwamba hawaoni vya kutosha, na mmoja alinikata fedha.

Yule bibi alifariki mwaka juzi. Baada ya arobaini, mjukuu wake, ndiye bi harusi wa usiku ule, alinitafuta. Hakuwa na video ya bibi yake, kwani bibi hakupenda kurekodiwa. Akauliza kama mimi ninayo. Nilimwambia ninacho kiganja chake na sauti yake, sekunde nne. Alikuja nyumbani jioni hiyohiyo, akaketi kwenye kiti cha kompyuta, nikafungua. Kiganja kikajaa skrini, mistari yake, hina iliyochujuka, pete iliyolegea kidoleni. Mwanangu, hapa zima. Giza.

"Rudisha," akasema.

Nikarudisha.